Maswali yanayoulizwa sana kuhusu uwiano: mafumbo ya sokoni, kwenye zege na kwenye mtumbwi

Haya ni maswali ambayo watu wananiuliza sana kuhusu uwiano. Wengine ni wanafunzi wa darasa la saba na form one, wengine wazazi wanaosaidia watoto homuweki, wengine mafundi, na wapo akina mama wa Mwaloni pale Kirumba ambao hesabu wanaipiga kichwani fasta kabisa ila wakiiona imeandikwa kwenye karatasi wanaiogopa, wakati ni hesabu ileile. Mifano yote ni ya hukuhuku Mwanza. Bei nilizoweka ni za mfano tu ili namba zitoke vizuri.

Mwalimu, uwiano ni nini kwanza? Na "uwiano sawa" ndo upi?

Uwiano ni njia ya kulinganisha vitu viwili (au zaidi) kwa kuangalia kimoja ni mara ngapi ya kingine. Chukua unga wa ugali unaochanganywa mahindi na udaga (muhogo uliokaushwa), watu wengi wa kanda ya ziwa wanaujua. Tuseme mama anachanganya sado 2 (sado ni kopo la kupimia sokoni) za mahindi na sado 3 za udaga kabla ya kupeleka mashineni. Hapo uwiano wa mahindi kwa udaga ni 2:3, unasoma "mbili kwa tatu".

Sasa akipata msiba au sherehe anataka kusaga zaidi, ila ugali utoke uleule, rangi ileile, ladha ileile. Atachukua 4 kwa 6, au 6 kwa 9, au 10 kwa 15. Namba zimebadilika lakini mchanganyiko haujabadilika, izo ndo uwiano sawa. Unazipata kwa kuzidisha pande zote mbili kwa namba moja, au kugawanya pande zote mbili kwa namba moja. Karibu kila kitu kinachofuata hapa chini kinatoka kwenye sentensi iyo moja.

Kwanini nisijumlishe tu? Nikiongeza 2 huku naongeza 2 na kule, si nimetenda haki?

Hili swali nalipenda kuliko yote maana ndo kosa linaloangusha watoto wengi, na wanalifanya kwa nia njema kabisa. Mtoto anaona 2:3, anaambiwa mahindi sasa ni sado 10, anawaza "kutoka 2 mpaka 10 nimeongeza 8, basi na udaga naongeza 8", anapata 11. Jibu lake 10:11.

Hebu muulize uo unga ukoje. Mwanzo udaga ulikuwa mara moja na nusu ya mahindi, yaani udaga ndo umetawala. Kwenye 10:11 vinakaribia kulingana, ni nusu kwa nusu kasoro kidogo. Ugali huo ukiupika mtu aliyezoea ule wa kwanza atajua palepale mezani kwamba hapa pamebadilika kitu. Jibu sahihi ni 10:15, kwasababu 2 imezidishwa mara 5 ikawa 10, basi na 3 nayo izidishwe mara 5.

Kinachotokea ni kwamba kila "fungu" la mchanganyiko lina mahindi 2 na udaga 3 pamoja. Huwezi kuongeza fungu zima kwa kuongeza kimoja huku na kimoja kule, ukiongeza fungu moja umeongeza 2 upande mmoja na 3 upande mwingine. Mtoto akichora mafungu, vikopo viwili vya mahindi na vitatu vya udaga, afu akachora mafungu matano yamejipanga, anaelewa mwenyewe bila kukariri kanuni. Kwaiyo mzazi kama unamsaidia mtoto, mchoreshe kwanza, fomula itakuja baadae.

Nikiona fumbo refu lina maneno mengi nachanganyikiwa, naanzia wapi?

Anza na jedwali dogo. Safu mbili, juu ya kila safu andika jina la kitu NA kipimo chake. Usianze kupiga hesabu kabla ya ilo.

Mfano: "Mama anauza dagaa Kirumba. Alfajiri alinunua mzigo kutoka kwa wavuvi wa visiwani, kufikia saa 3 asubuhi alikuwa ameuza sado 5 kwa shilingi 40,000. Mteja kutoka Igoma aliyepanda daladala mbili anataka sado 8. Atalipa shilingi ngapi?"

Angalia takataka zilizomo humo: saa 3, daladala mbili, wavuvi wa visiwani. Zote hazitusaidii, zimewekwa kukupima kama unasoma. Jedwali linakuwa hivi:

Sado 5 → shilingi 40,000
Sado 8 → shilingi ?

Saa 3 na daladala 2 hazina pa kukaa kwenye ilo jedwali, zinadondoka zenyewe. Sasa sado 1 ni 40,000 gawanya kwa 5, yaani 8,000, na sado 8 ni 64,000. Basi. Afu jiulize: nimeongeza sado, hela imeongezeka? Ndiyo. Imekaribia mara mbili lakini haijafika? Ndiyo, maana 8 haijafika mara mbili ya 5. Ukaguzi huo unachukua sekunde chache na unaokoa maksi nyingi sana.

Nitumie "thamani ya kimoja" au kuzidisha kimsalaba? Mwalimu wa shule anataka msalaba.

Zote zinatoa jibu moja, ila mimi nasema anza na thamani ya kimoja kwasababu unaelewa unachofanya. Pikipiki imetumia lita 2 kwa kilomita 90, lita 1 ni kilomita 45, kwaiyo safari ya kilomita 315 inataka lita 7. Kila hatua ina maana yake barabarani.

Shida inakuja thamani ya kimoja ikiwa mbaya. Machungwa 6 kwa shilingi 1,000, wewe unataka 9. Ukitafuta bei ya chungwa moja unapata 166.666 isiyoisha, afu mtoto anaikata iwe 166 au 167 na jibu la mwisho linapotea. Hapo panda kwa hatua: machungwa 6 ni 1,000, machungwa 3 ni nusu yake yaani 500, kwaiyo 9 ni 1,500. Hivi ndo wauzaji wanavyofanya kichwani na wako sahihi kabisa kihisabati.

Msalaba nao ni huu: 6/1000 = 9/x, unazidisha 6 na x, unazidisha 9 na 1000, unapata 6x = 9,000, x = 1,500. Mzuri kwenye namba ngumu na kwenye mtihani wenye haraka. Ila msalaba hauna macho, ukiupanga vibaya utakupa jibu baya bila kukuonya. Ukiandika 6/1000 = x/9 utapata machungwa 9 kwa shilingi 0.054. Ndo maana nasisitiza jedwali lenye majina: machungwa yawe juu pande zote mbili au chini pande zote mbili.

2:3 na 3:2 si kitu kimoja?

Hapana. Mpangilio unafuata maneno ya swali. "Mahindi kwa udaga" ni 2:3, "udaga kwa mahindi" ni 3:2. Soma jina lililotajwa kwanza, namba yake inakaa kwanza.

Nirahisishe vipi uwiano wenye namba kubwa, au wenye desimali?

Namba kubwa: tafuta KKS (kigawo kikubwa cha shirika) ugawanye nacho. 24:36, KKS ni 12, inakuwa 2:3. Ukishindwa kukiona moja kwa moja gawanya kidogokidogo, kwa 2, kwa 2 tena, afu kwa 3, utafika palepale.

Desimali: 1.5:2.5 zidisha kwa 10 inakuwa 15:25, gawanya kwa 5, ni 3:5. Sehemu: ½:⅓ zidisha pande zote kwa KDS (kigawe kidogo cha shirika) ya asili, yaani namba za chini (2 na 3), ambayo ni 6, unapata 3:2.

Mimi ni mvuvi, injini ya mtumbwi naambiwa 50:1. Kwa petroli lita 20 naweka oili kiasi gani?

Kaka hii ni uwiano mtupu, na ni ule unaoweza kukuachia injini katikati ya ziwa usiku, kwaiyo tuende polepole.

50:1 maana yake petroli 50 kwa oili 1, vyote kwa kipimo kimoja. Shida ya watu ni kwamba petroli tunaipima kwa lita na oili tunaipima kwa mililita, afu tunachanganya. Geuza kwanza. Lita 20 ni mililita 20,000. Gawanya kwa 50, unapata mililita 400 za oili. Kwa lita 15 ni mililita 300, kwa lita 5 ni mililita 100. Ukikariri kwamba kila lita moja ya petroli inataka mililita 20 za oili, basi umemaliza, dumu lolote utaliweza.

Geuza swali: una kopo la oili lililobaki na mililita 250 tu, itatosha petroli kiasi gani? 250 mara 50 ni 12,500, yaani lita 12 na nusu. Dumu la lita 20 halitoshi hapo, ukilijaza ukatia hiyo 250 unakuwa na 80:1, oili kidogo mno, na oili ikipungua pistoni inakosa ulainisho inapata moto mpaka inaganda.

Mambo mawili muhimu. Kuchanganya huku ni kwa injini za mipigo miwili, zile mafundi wanaita tu-stroku, injini za foo-stroku zina oili yake pembeni haichanganywi na petroli. Na pili 50:1 ni ya injini nyingi lakini si zote, kitabu cha injini yako ndo kinasema, ukikuta kimeandika uwiano mwingine fuata icho, hesabu ni ileile unabadilisha namba tu.

Kugawana hela kwa uwiano nafanyaje? Naambiwa 5:4 nagawanya kwa 5 au kwa 4?

Wala 5 wala 4. Kwa 9. Uwiano 5:4 unamaanisha hela yote imekatwa mafungu 9 yanayolingana, mmoja anachukua mafungu 5, mwingine 4.

Tuseme mtumbwi umerudi, samaki wameuzwa, mafuta na barafu vimeshatolewa, imebaki shilingi 360,000, na makubaliano ni mwenye mtumbwi kwa wavuvi 5:4. 360,000 gawanya kwa 9 ni 40,000. Mwenye mtumbwi mafungu 5, anapata 200,000. Wavuvi wote kwa pamoja mafungu 4, wanapata 160,000. Kama wavuvi wako wanne wakigawana sawa kila mmoja ana 40,000. Jumlisha 200,000 na 160,000 uone kama inarudi 360,000, isiporudi kuna mtu anaibiwa au kuna hesabu imekosewa.

Sasa kuna aina nyingine ya swali inayofanana sana na hii ila siyo: "Mwenye mtumbwi amepata shilingi 25,000 zaidi ya wavuvi, uwiano ni 5:4. Jumla ilikuwa ngapi?" Hapa 25,000 siyo jumla, ni TOFAUTI. Tofauti ya mafungu ni 5 toa 4, fungu 1. Kwaiyo fungu moja ni 25,000, mwenye mtumbwi ana 125,000, wavuvi 100,000, jumla 225,000.

Na aina ya tatu: "Wavuvi wamepata 160,000, mwenye mtumbwi amepata ngapi?" Hapo 160,000 ni mafungu 4 tu. Kwaiyo kabla hujagusa kalkuleta uliza hii namba niliyopewa ni ya mafungu mangapi: ya yote, ya mmoja wao, au ya tofauti? Ukijibu ilo swali fumbo limekwisha, kilichobaki ni kugawanya na kuzidisha. Na nje ya mtihani pia lina uzito wake, kijana anayejua fungu lake ni lipi ufukweni hapewi hela kwa kukadiriwa.

Na uwiano wenye namba tatu kama zege 1:2:4?

Uleule, ila safu zinakuwa tatu. 1:2:4 ni saruji, mchanga, kokoto kwa mpangilio huo, na unapima kwa chombo kimoja, ndoo kwa ndoo au toroli kwa toroli. Ukichanganya ndoo na toroli umeshaharibu.

Mchanga ndoo 18? Mchanga ni mafungu 2, kwaiyo fungu ni ndoo 9. Saruji ndoo 9, kokoto ndoo 36.

Swali tamu zaidi ni lile la saiti kweli. Una saruji ndoo 5, mchanga ndoo 12, kokoto ndoo 16 (zile za kugongwa kwa nyundo, mawe Mwanza si shida). Utapata zege kiasi gani bila kuharibu uwiano? Angalia kila kimoja kinatosha mafungu mangapi: saruji 5 gawanya kwa 1 ni mafungu 5. Mchanga 12 gawanya kwa 2 ni mafungu 6. Kokoto 16 gawanya kwa 4 ni mafungu 4. Kidogo kuliko vyote ndo kinaamua, yaani kokoto. Utatumia saruji 4, mchanga 8, kokoto 16, itabaki saruji ndoo 1 na mchanga ndoo 4. Fundi asiyejua hii anamwaga vyote kwa pamoja na zege linakuwa siyo lile lililoandikwa kwenye mchoro.

Wanafunzi wanauliza, 1 na 2 na 4 ni 7, kwaiyo nikimwaga ndoo 7 napata ndoo 7 za zege? Hapana, unapata pungufu, kwasababu mchanga unaingia kwenye nafasi zilizopo kati ya kokoto, na saruji inaingia kati ya chembe za mchanga. Uwiano unakwambia uchanganye vipi, haukwambii ujazo wa mwisho. Na maji hayapo kwenye 1:2:4, yana uwiano wake na saruji: kawaida ni karibu nusu ya uzito wa saruji, yaani mfuko wa kilo 50 na maji kama lita 25, unapunguza kidogo ikiwa mchanga wenyewe umelowa. Maji yakizidi zege linamwagika kirahisi na fundi anafurahi, ila linakuja kuwa dhaifu.

Uwiano HAUTUMIKI wapi? Maana naona kila fumbo lenye namba tatu natafuta ya nne.

Hapa ndo nataka ukae kidogo. Kwenye mitihani swali la hivi linawekwa makusudi, na maishani ndo linakula hela za watu.

Dagaa: ndoo 10 za dagaa zimeanikwa kwenye mchanga jua kali zimekauka siku moja. Ndoo 20 zitakauka siku ngapi? Mwenye haraka anasema siku mbili. Lakini ukizianika zote kwa wakati mmoja zimetandazwa vizuri, ni siku ileile moja, jua halihesabu ndoo. Kinachoongezeka ni nafasi ya kuanikia, siyo muda.

Vibarua: watu 4 wanashusha lori kwa masaa 6. Watu 8? Ukienda na uwiano wa kawaida utapata masaa 12, yaani umeongeza watu kazi ikachelewa. Hapa vitu vinakwenda kinyume, watu wakiongezeka mara mbili muda unapungua nusu, jibu ni masaa 3. Kinachobaki vilevile ni watu ZIDISHA masaa: 4×6 ni 24, 8×3 ni 24. Kwenye uwiano wa kawaida kinachobaki vilevile ni kimoja GAWANYA kingine.

Umri: mtoto ana miaka 6, mama yake 30, uwiano 1:5. Baada ya miaka 6 mtoto ana 12, mama ana 36, uwiano umekuwa 1:3. Wote wameongeza kiasi kilekile, kwaiyo tofauti ndo haibadiliki, uwiano unabadilika.

Nauli yenye kianzio: bajaji anasema 1,000 ya kupanda, afu 500 kila kilomita. Kilomita 2 ni 2,000, kilomita 4 ni 3,000, siyo 4,000. Umbali umekuwa mara mbili, hela haijawa mara mbili.

Kwaiyo kabla hujachora jedwali uliza maswali mawili. Moja, kimoja kikiwa mara mbili, na kingine kinakuwa mara mbili kweli? Pili, kimoja kikiwa sifuri, na kingine ni sifuri? Sado sifuri ni shilingi sifuri, sawa. Kilomita sifuri kwenye ile bajaji bado ni 1,000, basi siyo uwiano. Swali lolote kati ya hayo likijibiwa hapana, weka kalamu chini usome upya.

Sado 3 kwa 25,000 na sado 5 kwa 40,000, wapi nafuu?

Zilete kwenye idadi moja. KDS ya 3 na 5 ni 15. Wa kwanza: sado 15 ni 125,000. Wa pili: sado 15 ni 120,000. Wa pili ni nafuu. Hakikisha tu sado zenyewe zinalingana, maana kuna kupima kwa kujaza kilima juu na kuna kusawazisha, na hapo uwiano wako wote unabadilika.

Nimepewa uwiano mbili zimeshikana katikati, naziunganishaje?

Mfano mahindi kwa udaga 2:3, udaga kwa mtama 4:1. Kinachoshikanisha ni udaga, kwenye ya kwanza ni 3, kwenye ya pili ni 4. Ufanye ulingane, KDS ni 12. Ya kwanza zidisha kwa 4: 8:12. Ya pili zidisha kwa 3: 12:3. Unganisha: mahindi, udaga, mtama ni 8:12:3. Jumla mafungu 23, kwaiyo kama unataka sado 46 fungu ni 2, yaani 16, 24 na 6.

Maji ya chumvi na sukari kwa anayeharisha, naweza kutengeneza nusu lita?

Kama una pakiti ya ORS, usiigawe kwa macho. Zile za lita moja changanya nzima na maji safi na salama lita moja kamili, soma maelekezo ya pakiti. Ya kutengeneza nyumbani inayofundishwa ni sukari vijiko vya chai 6 vilivyosawazishwa na chumvi nusu kijiko cha chai kwa lita 1 ya maji. Kwa nusu lita gawanya vyote vitatu kwa 2: sukari 3, chumvi robo kijiko, maji nusu lita. Usipunguze maji ukaacha chumvi ileile, chumvi ikizidi ni hatari hasa kwa mtoto mdogo, na hapa sizungumzii maksi. Mgonjwa akiwa hoi au kuharisha kukiendelea mpeleke kituo cha afya, usibaki nyumbani na vijiko.

Skeli ya ramani nayo ni uwiano?

Ndiyo, na ni rahisi ukikumbuka kipimo kiwe kimoja. Ramani ya 1:50,000, sentimita 1 kwenye karatasi ni sentimita 50,000 ardhini, ambazo ni mita 500, au nusu kilomita. Daraja la Kigongo–Busisi lililofunguliwa Juni 2025 lina urefu wa kama kilomita 3, kwenye ramani iyo litachorwa kama sentimita 6. Ukipima sentimita 9 mahali pengine, ni kilomita 4 na nusu za mstari ulionyooka. Barabara yenye kona ni ndefu zaidi ya hapo.

Nipe mafumbo ya kujipima, na majibu tafadhali.

Haya fanya kwanza bila kuchungulia.

(a) Unga wa mahindi na udaga 2:3, jumla sado 40. Kila kimoja sado ngapi?

(b) Zege 1:2:4, una kokoto ndoo 28. Saruji na mchanga?

(c) Darasa lina watoto 40, wavulana kwa wasichana 3:5. Wamehamia wavulana 5 kutoka Sengerema. Uwiano mpya?

(d) Sato 4 kwenye jiko moja la mkaa wanaiva pamoja dakika 25. Sato 8 kwenye majiko mawili yanayofanana, yote yamewashwa wakati mmoja, dakika ngapi?

Majibu. (a) mafungu 5, fungu sado 8, mahindi 16 na udaga 24. (b) fungu ndoo 7, saruji 7, mchanga 14. (c) mwanzo wavulana 15 wasichana 25, sasa wavulana 20, kwaiyo 20:25 yaani 4:5, na aliyeongeza 5 kwenye ile 3 akaandika 8:5 arudi kwenye swali la kujumlisha huko juu. (d) dakika 25. Kama umeandika 50, rudi kwenye dagaa wa kuanika.